Hiyo nyumba ya milioni tano si ya milioni tano

Leo sichekeshi mtu.

Kuna jamaa mmoja wa Nairobi amenizunguka kwa simu wiki mbili sasa. Unajua aina yake: shati jeupe, amesimama kwa jikoni ya nyumba ya maonyesho, anakwambia kulipa kodi ni kutupa pesa, tumia pesa ya benki ujenge utajiri. Sawa, kila mtu na kazi yake. Shida ni kwamba nilifungua komenti nikaona majina ninayoyajua. Watoto wa Lodwar, watoto wa Kakuma, na mmoja tulikaa naye dawati moja hapa Lorugum, ameandika: "Nikipata kazi tu, hii ndio kitu ya kwanza."

Basi ngoja nikuambie kuhusu hiyo kitu ya kwanza. Mimi niliacha chuo kwa sababu yake, na sikuwa nimekopa hata shilingi.

Mjomba wangu ni afisa wa kaunti. Mapema 2019 alinunua nyumba Eldoret, ya milioni 5. Kwa nini Eldoret na yeye anafanya kazi Lodwar? Kwa sababu huku kwetu ardhi karibu yote ni ya jamii, haijasajiliwa, serikali ya kaunti inaishikilia tu kwa niaba yetu, na Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 ikatuambia tujisajili. Bila hati, benki haina kitu cha kushika. Kwa hivyo mtu wa Turkana akitaka mkopo wa nyumba, mara nyingi inabidi apeleke mshahara wake Kitale au Eldoret. Watu wanaiita uwekezaji. Mjomba pia aliita hivyo, na tulichinja mbuzi.

Alitoa milioni 1 yake mwenyewe, ambayo ilikuwa akiba ya miaka mingi na ngamia kadhaa ndani yake. Benki ikatoa milioni 4. Miaka 20, riba asilimia 13. Wakati huo ile sheria ya 2016 ya kufunga riba ilikuwa bado hai: benki haikuruhusiwa kuzidi asilimia 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu, na kiwango kilikuwa 9. Tisa na nne, kumi na tatu. Aliona amepata bei ya serikali.

Sasa toa simu, fungua kalkuleta. Marejesho yake yalikuwa Sh46,863 kwa mwezi. Zidisha mara 240, hiyo ni miezi ya miaka 20.

Umepata? Ni milioni 11.2. Yaani kwa milioni 4 aliyokopa, anarudisha milioni 4 na nyingine milioni 7.2 juu. Ongeza ile milioni yake ya kwanza. Ongeza ushuru wa stempu, ambao mjini ni asilimia 4 ya thamani, kwa hivyo laki 2. Hapo tuko karibu milioni 12.5, na bado wakili, bado mthamini, bado bima mbili (ya maisha na ya moto, ambazo benki ndiyo inakulazimisha ulipe ili benki isipoteze), bado rangi, paa na choo kinachovuja. Hakuna hata mtu mmoja kwenye sherehe ile ya mbuzi aliyetaja milioni 12. Tangazo lilikuwa na namba mbili tu: milioni 5 na 46,863. Ile namba ya tatu, ambayo ndiyo bei yenyewe, haikuwa kwa bango.

Lakini hiyo bado si sehemu inayoniuma. Sehemu inayoniuma ni jinsi pesa inavyogawanywa.

Mwezi wa kwanza, kwa ile 46,863, riba ilikula Sh43,333. Kilichopunguza deni ni Sh3,530. Ndiyo, umesoma vizuri. Alituma karibu elfu 47 na deni likashuka kwa bei ya mbuzi mmoja aliyekonda. Mwezi wa pili hivyo hivyo, imeongezeka kidogo sana. Mkopo umepangwa hivyo: riba inahesabiwa kwa salio lote lililobaki, na mwanzoni salio ni kubwa, kwa hivyo riba inakula kwanza na wewe unaachiwa makombo. Baada ya miaka mitano mjomba alikuwa amelipa zaidi ya milioni 2.8. Unajua alikuwa anadaiwa ngapi? Milioni 3.7. Hata riba ingebaki 13 milele, kwa mwaka wa kumi, nusu ya safari, bado angekuwa anadaiwa milioni 3.1.

Kwa hivyo yule jamaa wa shati jeupe akisema kodi ni kutupa pesa, muulize: na ile 43,333 inaitwaje? Hiyo pia ni kodi. Tofauti ni kwamba hapa unakodi pesa, si nyumba, na landlord wa pesa haji kurekebisha bomba.

Na ngoja, kuna mchezo hapa. Mjomba hakai Eldoret, ameweka mpangaji. Mpangaji analipa elfu 25. Ndani ya nyumba ambayo mjomba analipia elfu 46. Yaani kila mwezi mtu mzima anatoka jasho la Lodwar, jua linalochoma kisigino kupitia kiatu, ili amlipie mtu asiyemjua nusu ya nyumba kwenye baridi ya Eldoret. Huyo mpangaji ndiye anayeambiwa anatupa pesa. Mimi naona yeye ndiye mjanja wa hii hadithi.

Sasa kuhusu chuo.

Riba ya mjomba ilikuwa ya kubadilika. Yeye hakujua, ama alijua akadhani kubadilika ni neno la mawakili tu. Novemba 2019 sheria ya kufunga riba ikaondolewa. Mwaka 2020, wakati wa korona, Benki Kuu ikashusha kiwango chake hadi 7. Marejesho ya mjomba hayakushuka hata shilingi moja. Halafu kiwango kikaanza kupanda, na Februari 2024 kikafika 13. Hapo ndipo benki ikakumbuka kwamba riba inabadilika. Barua ikaja: riba mpya ni 17. Marejesho mapya, Sh57,000 hivi.

Ongezeko la kama elfu 10 kwa mwezi. Sasa, elfu 10 ni nini? Elfu 10 ilikuwa hosteli yangu na chakula changu. Mjomba ndiye alikuwa ananitumia kila tarehe 2. Wakati huo huo pesilipu yake ilikuwa imeanza kukatwa asilimia 1.5 ya nyumba za serikali (ndio, mtu anayelemewa na nyumba anakatwa ya nyumba nyingine, Kenya hii bwana). Alinipigia simu jioni moja, akazunguka zunguka na habari za mvua, mwishowe akasema, "Mama, ngoja muhula mmoja tu nijipange." Nikasema sawa mjomba. Muhula mmoja umekuwa hii video zangu mnazotazama.

Simlaumu. Na sisemi kuna mtu alimwibia, hiyo ndiyo inanikasirisha zaidi. Kila kitu kilikuwa halali. Hata sheria iko, kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kinasema mtu akishindwa kulipa, benki haiwezi kumdai riba inayozidi deni la msingi lililokuwepo siku mkopo uliharibika. Nzuri, si ndio? Lakini soma tena. Inakulinda ukishaanguka. Ukiwa mtoto mzuri unayelipa kila mwezi bila kukosa, riba inaweza kuwa mara mbili ya ulichokopa na hakuna mtu atashtuka. Na ukikosa, Sheria ya Ardhi ya 2012 inakupa notisi ya siku 90, halafu ya siku 40, halafu dalali anakuja na siku zake 45. Nyumba ikiuzwa, ile milioni ya ngamia inaenda nayo.

Najua mtanijibu nini. "Dada, shilingi ya 2039 haitakuwa na nguvu kama ya 2019." Kweli. Mshahara unapanda, kodi inapanda, na marejesho yakibaki pale pale mwishoni yanaonekana madogo. Hiyo hoja ninaiheshimu kuliko zingine zote. Lakini mwaka 2019 mfumuko wa bei ulikuwa kama asilimia 5, na riba ilikuwa 13. Benki ilishajilipa kwa shilingi kuzeeka, halafu ikaongeza nane juu. Na pia marejesho hayakubaki pale pale, nimewaonyesha.

"Lakini mwishowe atakuwa na nyumba." Atakuwa nayo. Ana miaka 43 sasa. Kama una kazi ambayo haitetemeki, unalala ndani ya hiyo nyumba wewe mwenyewe, riba imefungwa, na kodi ya nyumba kama hiyo inakaribiana na marejesho, chukua, nitakuja kwa sherehe. Kuna mikopo inayopitia ile kampuni ya KMRC, iliyoundwa 2018 ili benki na sacco zipate pesa ya bei nafuu za kukopesha watu wa nyumba. Ile milioni 4 kwa asilimia 9.5 na miaka 20 inarudi kama milioni 8.9. Bado inauma, lakini hiyo ni zaidi ya milioni 2 ambazo zimebaki kwako. Au kopa kwa miaka 10 badala ya 20: kwa riba ile ile ya 13 marejesho yanapanda hadi kama 59,700, lakini jumla ni milioni 7.2. Yaani ukiongeza elfu 13 kwa mwezi unaokoa milioni 4. Huna elfu 13? Tano tu juu ya 46,863, kuanzia mwanzo, inamaliza deni kwa miaka 14 na inaokoa zaidi ya milioni 2.5. Kwanza uliza kama kuna faini ya kulipa mapema, kwa sababu wengine wanaweka.

Hizi hesabu hazikufundishwa darasani kwangu, na nilisoma hisabati hadi fomu foo. Nilijua kutafuta eneo la silinda.

Nchi nzima ina mikopo ya nyumba kama elfu 30 tu. Kenya ya watu zaidi ya milioni 47! Wataalamu huitaja hiyo namba kama aibu, eti tuko nyuma. Mimi nadhani Wakenya wengi walipiga hesabu kimya kimya wakaamua kununua mabati kumi kwa mwezi. Nenda Kakuma uone: duka linaanza na turubai, mwaka ujao mabati, halafu ukuta wa matofali. Hakuna anayekuja kuinadi.

Nyanya yangu ana miaka zaidi ya sabini na nyumba zote alizowahi kulala amezijenga yeye, kwa sababu kwetu mwanamke ndiye fundi. Fito, makuti ya mkoma, kamba, na wanawake wenzake. Msinianzie na mapenzi ya manyatta, mimi nimelala humo mvua ikinyesha na nikatoka na nge kwa blanketi. Nataka nyumba ya mawe kama nyinyi. Lakini siku nilipomweleza deni la mjomba aliniuliza swali moja, nikakosa jibu: "Hiyo nyumba ameshailipa mara moja, au bado?"

Na kwa nini naandika hii kutoka Lorugum na si kutoka Eldoret? Kwa sababu hati zinakuja. Tangu mafuta yapatikane Ngamia 1 mwaka 2012 kila mtu anataka kipande cha Turkana, ploti za Lodwar zimepanda, na siku ardhi yetu itakapopata karatasi, watu wa shati jeupe watashuka hapa na meza zao na miavuli. Watakuja na namba mbili. Itisha ya tatu. Sema hivi: nipe jedwali lote la marejesho, mwezi kwa mwezi, riba ngapi na deni ngapi, na jumla chini. Ni haki yako, na wala si siri: mwaka 2017 Benki Kuu na chama cha mabenki walifungua saiti ya kulinganisha gharama kamili ya mikopo. Kisha uliza: riba hii ikipanda kwa asilimia 4, nitalipa ngapi? Wakikuambia haitapanda, waambie waandike.

Mjomba hakuwahi kupewa hilo jedwali, ama alipewa likakaa kwa bahasha. Mwezi uliopita aliitisha taarifa ya akaunti akanitumia picha. Miaka sita. Amelipa karibu milioni 3.5. Deni limetoka milioni 4 hadi milioni 3 na laki 6 na kitu. Chini ya picha aliandika tu: "Mama, hii ni kweli?"

Jumapili naenda Lodwar tukae naye na makaratasi yote, tuone kama inafaa kuuza, kuhamisha mkopo, au kuongeza kidogo kila mwezi. Kama nyumbani kwenu kuna karatasi kama hizo, piga picha, ficha jina na namba ya akaunti, nitumie kwa inboksi. Nitabeba kalkuleta.