Liwali wa Delhi na Wingi wa Baraza

Alfajiri ya Jumamosi, tarehe 23 Novemba 2019, wakati watu wengi wa mji wa Mumbai wangali vitandani, na walioamka mapema ndio kwanza wanakunjua magazeti yaliyowapa habari kwamba Uddhav Thackeray ndiye atakayekuwa Waziri Kiongozi wa jimbo lao la Maharashtra, amri ilitoka Delhi, saa kumi na moja na dakika arobaini na saba, ya kuondoa utawala wa Rais, yaani jimbo kuongozwa moja kwa moja na Delhi, uliokuwa umewekwa jimboni humo tangu tarehe 12 ya mwezi ule. Baraza la mawaziri la India halikukutana kwa ajili ya amri hiyo. Ilipitishwa kwa kanuni inayomruhusu Waziri Mkuu kuamua jambo la haraka peke yake. Na kabla jua halijapanda vyema, karibu saa mbili asubuhi, Gavana Bhagat Singh Koshyari alikuwa amekwisha kumwapisha mtu mwingine kabisa, Devendra Fadnavis, katika nyumba ya ugavana iliyoko kilima cha Malabar, inakopiga bahari. Baraza la Maharashtra lina viti 288, na chama cha Fadnavis kilikuwa na 105. Waliokosekana walitarajiwa kuletwa na Ajit Pawar, aliyeapishwa saa ile ile kuwa naibu, kutoka katika chama cha ami yake. Lakini ami hakuridhia, na wajumbe wakabaki kwa ami. Tarehe 26 Mahakama ya Juu ikaamuru imani ya baraza ipimwe kesho yake, kwa kura ya wazi, watu wote wakiona. Fadnavis hakuingoja kesho. Alijiuzulu mchana ule ule, na tarehe 28 Thackeray akala kiapo.

Sikuyaleta hayo ili tuwacheke Wahindi, ambao wamekwisha kupiga kura kwa amani mara nyingi kuliko mataifa kadha wa kadha yanayojipa ualimu wa demokrasia. Nimeyaleta kwa sababu ndani yake mna suala ambalo kila shirikisho hulikuta mlangoni mwake: watu wa jimbo wanapokuwa wamepiga kura, na kura zao zisimpe mtu mmoja ushindi wa dhahiri, ni nani mwenye haki ya kunyoosha kidole na kusema, huyu ndiye?

Inafaa kwanza tuelewane katika majina, maana neno gavana limetutembelea kwa sura mbili. Mkenya wa leo akisikia gavana humwona mtu aliyezunguka masoko na viwanja vya kaunti akiomba kura, kwa kuwa tangu mwaka 2013 magavana wa kaunti 47 huchaguliwa na wananchi. Mzee wake humkumbuka gavana mwingine, mwenye kofia ya manyoya, aliyeletwa kwa meli kutoka Uingereza wala hakumwomba mtu kura. Gavana wa jimbo la India ni wa ukoo wa huyu wa pili. Huteuliwa na Rais, maana yake na serikali iliyoko Delhi. Muda wake ni miaka mitano, lakini katiba inasema pia kwamba hukaa kwa ridhaa ya Rais, na ridhaa yaweza kukoma kabla ya miaka. Aghalabu hutoka jimbo jingine. Sisi wa pwani tuna neno linalomfaa zaidi kuliko hilo la Kizungu: huyu ni liwali, mtu wa mwenye enzi, akaaye katika mji usio wake, awe macho na masikio ya aliyemtuma.

Kando ya liwali huyo yuko mwenye kazi hasa, Waziri Kiongozi, cheo ambacho Wazanzibari walikuwa nacho hadi mwaka 2010 na kwa hiyo hakina haja ya kufasiriwa. Huyu ndiye mwenye serikali: polisi, mashule, mahospitali, ardhi na maji ya jimbo vyote vimo mikononi mwake na mwa mawaziri wake. Hapigiwi kura ya cheo. Wananchi huchagua wajumbe wa baraza, na yule ambaye wajumbe walio wengi wanamkubali ndiye huwa Waziri Kiongozi. Lakini katiba haisemi kwamba baraza litamchagua. Inasema kwamba gavana atamteua. Baina ya kukubaliwa na baraza na kuteuliwa na gavana pana ufa mwembamba, ambao katika siku za salama hauonekani, kwa kuwa chama kimoja kikishinda viti vya kutosha gavana hana la kufanya ila kumwita kiongozi wake na kumpa kalamu. Ukija uchaguzi usiotoa mshindi, hata ngamia hupita katika ufa huo.

Na kumbe waasisi waliujua. Mwaka 1947 kamati ya Sardar Patel, iliyotengeneza misingi ya katiba ya majimbo, ilipendekeza kwamba gavana achaguliwe na watu wazima wote wa jimbo. Yapata miaka miwili baadaye, mwezi Mei 1949, bunge la katiba likageuza shauri. Hoja zilizotolewa hazikuwa za kijinga: gavana aliyechaguliwa na jimbo zima atajiona mkubwa kuliko Waziri Kiongozi aliyechaguliwa na mtaa mmoja, na fahali wawili hawakai zizi moja, tena nchi ilikuwa imekatwa vipande viwili juzi tu, damu haijakauka, na kila mwenye busara alitaka pawepo uzi wa kuyashona majimbo na Delhi. Wakatumaini kwamba watateuliwa watu wa heshima, waliojitenga na vyama, wasio na tamaa. Nami husema, kwa adabu zote, kwamba hapo walitia katika katiba matumaini ambayo mahali pake palikuwa katika dua.

Matumaini hayo hayakumaliza miaka kumi. Mwaka 1957 watu wa Kerala walichagua serikali ya kikomunisti chini ya E.M.S. Namboodiripad, na tarehe 31 Julai 1959, baada ya ghasia za mitaani na taarifa ya gavana, Delhi ikaiuzulu ingali na wingi wake barazani. Tangu hapo utawala wa Rais umewekwa majimboni zaidi ya mara 100. Zilikuwapo mara ambazo haukuepukika, pale ambapo jimbo linawaka moto au baraza halina kabisa wa kuunda serikali, wala simwungi mkono asemaye kwamba shirikisho kubwa namna ile lingeweza kuishi bila jicho la katikati. Ila dawa inayonywewa mara 100 imekwisha kuwa chakula.

Kisa cha Andhra Pradesh cha mwaka 1984 kinastahili kutuliwa kidogo. N.T. Rama Rao, mcheza filamu aliyekuwa akiigiza miungu, na ambaye mwaka mmoja na nusu nyuma yake alikuwa amekishinda chama kilichokuwa kikitawala Delhi, alikwenda Marekani kupasuliwa moyo. Aliporudi, mwezi Agosti, gavana akamwambia kwamba hana tena wingi, kwa sababu waziri wake wa fedha amedai kuwa wajumbe wamehamia kwake; na bila ya kuita baraza, bila ya kuhesabu mtu, akamuuzulu huyu na kumwapisha yule, akampa na mwezi mzima wa kutafuta wajumbe aliodai kuwa anao tayari. Rama Rao, mgonjwa, akiwa katika kiti cha magurudumu, aliwachukua wajumbe wake hadi Delhi akawapeleka mbele ya Rais, kana kwamba anamwambia: wahesabu mwenyewe. Gavana yule akaondolewa, akaja mwingine, na tarehe 16 Septemba mwenye serikali akarudishiwa serikali yake. Tazama jinsi mambo yalivyopinduka: wajumbe, ambao wana jengo lao, spika wao na kengele yao, ilibidi wasafirishwe hadi ikulu ya Delhi ili wapate kuhesabiwa.

Mahakama ilikuja kusema neno lake miaka kumi baadaye. Mwaka 1989, katika jimbo la Karnataka, gavana alipokea barua 19 za wajumbe waliosema wamemtoka Waziri Kiongozi, S.R. Bommai; saba kati yao wakarudi wakasema hawajamtoka; Bommai akaomba baraza liitwe imani ipimwe; gavana akakataa, na Delhi ikamuuzulu. Tarehe 11 Machi 1994 majaji tisa wakahukumu kwamba haikuwa halali, na kwamba wingi wa serikali hupimwa barazani, si chumbani kwa gavana. Bommai alishinda kesi wakati jimbo lake limekwisha kufanya uchaguzi mwingine na kupata serikali nyingine. Hata hivyo hukumu ile imeokoa wengi waliomfuatia, na laiti tungeitafutia jina kwa lugha yetu tungeiita hukumu ya kuhesabu.

Basi yafanywe nini? Wako wasemao turudi kwa Patel, gavana achaguliwe. Nigeria ilichagua njia hiyo mwaka 1979, ikampa gavana aliyechaguliwa serikali yote bila Waziri Kiongozi kando yake, na panapokuwa na maelewano baina yake na baraza kazi huenda. Pasipokuwapo, hutokea kama yale ya Kaduna, ambako Balarabe Musa alichaguliwa na watu huku baraza likiwa la chama kingine. Baraza likamkatalia mawaziri, akatawala bila wao, na mwezi Juni 1981 likamwondoa. Wote wawili walikuwa wamechaguliwa na watu wale wale. Sioni kwamba Mhindi atafaidika kwa kununua ugomvi huo.

Wako tena wasemao, na hawa ndio wengi katika tume, kwamba gavana aendelee kuteuliwa lakini ateuliwe vizuri. Tume ya Sarkaria, iliyotoa taarifa yake mwaka 1988, ilitaka awe mtu wa sifa, asiyezama katika siasa za karibuni, na Waziri Kiongozi ashauriwe kabla. Ikampangia pia daraja za nani aitwe kwanza uchaguzi usipotoa mshindi, kuanzia muungano uliofanywa kabla ya kura. Tume ya Punchhi ya mwaka 2010 iliongeza kwamba muda wake uwe wa miaka mitano thabiti. Mashauri mema, na mengi yake yangali karatasini. Mwaka 2004, serikali ilipobadilika Delhi, magavana wanne waliondolewa kwa pamoja, na ilipofika 2010 mahakama ikasema kwamba haijuzu kumwondoa gavana kwa sababu tu ya kutoafikiana na walioko madarakani. Lakini mtu anayejua kwamba mkate wake umo mfukoni mwa mwingine hahitaji kuandikiwa barua ya kufukuzwa ili aelewe.

Mimi naona kosa haliko katika kuteuliwa kwa liwali. Liko katika kuachiwa chaguo siku ile ile ambayo aliyemteua ana maslahi ndani ya chaguo hilo. Mwache ateuliwe, mnyang'anye chaguo. Huko Scotland, ambako si shirikisho lakini kuna bunge lenye madaraka yake, sheria ya mwaka 1998 inalipa bunge siku 28 za kumpendekeza kiongozi wa serikali kwa kura, kisha Mfalme humteua huyo huyo. Na katika majimbo ya Ujerumani gavana hayupo kabisa. Baraza hukutana, hupiga kura, basi.

Nitaambiwa kwamba mabaraza nayo hufanya vituko, na ni kweli, tena ushahidi uko Ujerumani kwenyewe. Tarehe 5 Februari 2020, mjini Erfurt, baraza la Thuringia lilimchagua kwa kura 45 dhidi ya 44 Thomas Kemmerich, ambaye chama chake kilikuwa na viti vitano tu katika 90, kwa kuwa chama cha mrengo wa kulia kabisa kilimwacha mgombea wake kikamwaga kura zake kwake. Kiongozi wa chama kilichoshindwa alimwendea na shada la maua, kama ilivyo ada ya kumpongeza mshindi, akaliangusha miguuni pake akageuka. Kura ilikuwa ya siri, jambo ambalo mimi nisingeliiga. Lakini aibu ilikuwa ya wazi, nchi nzima iliona ni nani kasimama na nani, na kesho yake tu Kemmerich akatangaza kwamba ataondoka. Tarehe 4 Machi baraza lile lile likamrudisha mtangulizi wake, Bodo Ramelow. Hakuna aliyepakiwa katika basi.

Nasema basi kwa makusudi, maana pingamizi kubwa zaidi ni la kununuliwa kwa wajumbe. Mwezi Mei 2018, Karnataka tena, chama kimoja kilipata viti 104 ambavyo havikutosha, na vyama viwili vilivyoungana baada ya kura vilikuwa na zaidi yake. Gavana akamwita mwenye 104, B.S. Yeddyurappa, akampa siku 15 za kuthibitisha wingi. Siku 15 ni soko. Wapinzani waliwachukua wajumbe wao usiku kwa mabasi hadi Hyderabad, katika jimbo jingine, wakawatia hotelini kama watu wafichao mahari, baada ya mawakili kubishana usiku uliotangulia mbele ya majaji watatu tangu saa nane za usiku hadi alfajiri. Mahakama haikuzuia kiapo, lakini siku 15 ikazifanya kuwa saa chache: imani ipimwe tarehe 19, saa kumi jioni. Yeddyurappa alijiuzulu kabla ya kura. Tazama basi kilicholifunga soko: wajumbe walikuwa wale wale, fedha zilikuwa zile zile, sheria ya mwaka 1985 ya kuwaadhibu wahamao vyama ilikuwapo tangu zamani na haikumtisha mtu. Muda ndio uliokatwa.

Wala India haina haja ya kwenda Scotland kujifunza. Mwezi Februari 1998, huko Uttar Pradesh, gavana alimuuzulu Kalyan Singh usiku na kumwapisha Jagdambika Pal. Mahakama ya jimbo ikamrudisha wa kwanza. Na Mahakama ya Juu, ilipoona wako watu wawili kila mmoja akidai kuwa ndiye, iliamuru wajumbe wakutane tarehe 26 wawapigie kura wote wawili kwa pamoja, katika ukumbi mmoja. Singh alipata 225, Pal 196. Gavana siku hiyo hakuwa na kazi.