Filamu Bubu na Mpaka wa Ushenzi

Asili ya neno 'ustaarabu' ni Kiarabu, nalo lilihusu kuiga desturi za Waarabu. 'Mshenzi' naye, machoni pa watu wa pwani, alikuwa mtu wa bara. Ni dhahiri kwamba maneno haya mawili hutueleza zaidi aliposimama msemaji kuliko tabia ya anayesemwa. Filamu bubu zinathibitisha jambo hili.

Tuangalie Nanook of the North, filamu iliyotolewa mwaka wa 1922 na Mmarekani Robert Flaherty kuhusu Wainuiti wa kaskazini mwa Quebec, nchini Kanada. Katika onyesho moja, mhusika mkuu anaishangaa gramafoni dukani kwa Mzungu, kisha anaitia santuri kinywani na kuiuma. Mtazamaji anaalikwa kucheka.

Ukweli ni mwingine. Mtu huyo hakuitwa Nanook bali Allakariallak. Wainuiti walikuwa tayari wamezoea kuwinda kwa bunduki. Flaherty ndiye aliyetaka watumie chusa kama mababu zao. Nyumba ya theluji iliachwa wazi upande mmoja ili kamera ipate mwanga. Aidha, Wainuiti hao hao walimsaidia Flaherty katika kazi za kiufundi. Nyuma ya kamera walikuwa mafundi. Mbele yake wakafanywa washamba wa santuri!

Wapo watakaosema kwamba Flaherty alikusudia kuhifadhi mila zilizokuwa zikitoweka. Sikatai, na ustadi wa wawindaji wale unastahili sifa. Hata hivyo, midomo yao inacheza lakini lugha yao haisikiki. Maelezo yote yaliyopachikwa baina ya picha yameandikwa kwa Kiingereza. Mwenye kalamu ndiye aliyeuchora mpaka.

Nasi hatukusalimika. Martin na Osa Johnson, Wamarekani walioishi Marsabit katika miaka ya 1920, walitoa filamu yao Simba mwaka wa 1928. Humo wenyeji wanawinda simba kwa mikuki, na wanaowasemea ni wageni.

Kwa hivyo, mwalimu anapoonyesha picha za kale darasani, asitosheke kuuliza wanafunzi wameona nini. Awaulize pia: maneno haya yameandikwa na nani, na huyu aliyepigwa picha angesema nini lau angepewa nafasi ya kunena kwa lugha yake?