Kabla ya kukata keki, muulize mama

Mwaka jana nilifikisha miaka 21 kwa mkopo. Nilikopa shilingi 8,000 kwa simu: keki, puto, mpiga picha na nyama choma ya wasee kumi na wawili. Wakanimwagia maji kama kawaida yetu, ndoo tatu, natetemeka huku nacheka. Picha zikapata laiki kibao.

Wiki chache baadaye wenye mkopo wakaanza kupigia watu wangu simu. Mmoja wao alikuwa mama. Na kati ya wale wasee kumi na wawili, aliyenichangia kulipa? Hakuna.

Sisemi usikate keki. Mimi napenda keki. Nasema tu kwamba ile siku nilitumia pesa nyingi na bado sikujua naadhimisha nini.

Kwa hivyo bathdei ya mwaka huu nilienda nyumbani. Sikuwa nimeenda tangu niache chuo, maana niliogopa maswali. Nilimkuta mama anakata sukuma. Nikamuuliza, "Mama, hiyo siku nilizaliwa ilikuwaje?"

Akaweka kisu chini. Akaniambia ilikuwa usiku, mvua, hakuna matatu, akatembea akishikiliwa na jirani. Nilipotoka tu, akaanza kuvuja damu isiyokoma. Aliongezewa painti mbili. "Mpaka leo sijui ni nani aliyeitoa," akasema. Halafu akanyamaza kidogo: "Na wewe ukaacha kuja juu ya mambo ya chuo. Kwani nilikuzaa uende chuo?"

Miaka 22, na nilikuwa sijawahi kuuliza.

Kesho yake nilienda kutoa damu. Kama una miaka 16 hadi 65, una kilo 50 kwenda juu na uko na afya nzuri, unaweza pia. Wanakupima kwanza, kisha wanachukua kama mililita 450, na kutoa kwenyewe ni kama dakika kumi. Unapewa soda na biskuti, unaenda zako. Kuvuja damu baada ya kujifungua ni kati ya sababu kubwa zinazoua akina mama hapa Kenya, na damu haitengenezwi kiwandani. Lazima itoke kwa mtu.

Kama mama hayuko, tafuta shosho, anti, au yeyote aliyekuwepo siku hiyo. Kama huwezi kutoa damu, uliza tu hadithi yako, na umrekodi akisimulia. Haikugharimu kitu zaidi ya nauli.

Mwaka ujao wasee wangu wakija na ndoo zao, nitawaambia twende kwanza tutoe damu, wote kumi na watatu. Maji watanimwagia tukirudi. Na keki ataikata mama.