Ziara za baiskeli zimeingia Mji wa Kale, lakini mama wa mahamri anabaki na nini?

Ukipita nje ya Fort Jesus Jumamosi mwendo wa saa moja asubuhi, huenda ukakuta kikundi cha watu wamevaa helmeti, baiskeli zimepangwa ukutani, na kijana mmoja anawahesabu kama mwalimu wa nasari. Usidhani ni mashindano. Ni watalii, na si wazungu pekee. Wapo waliotoka Nairobi, na wapo wa Nyali waliozaliwa hapa hapa Mombasa ila hawajawahi kula viazi karai vya barabarani. Wamelipa wazungushwe mjini, waonjeshwe chakula chetu na waelezwe sisi ni akina nani.

Majuzi nami nilikuwemo, ila sikulipa. Jamaa yangu tuliyekua naye Majengo ndiye anayeongoza ziara hizo, na aliniomba nifunge mkia: niendeshe nyuma ya wote nihakikishe hakuna anayepotea vichochoroni, kisha nipige picha za kuweka mtandaoni. Malipo thao moja, na chakula juu yake. Kwa msee aliyeacha chuo mwaka wa pili kwa sababu ya karo, hiyo si kazi ya kukataa.

Nilirudi nyumbani nimeshiba. Lakini kuna jambo limenikaa kooni tangu siku hiyo, na ndilo nataka tuliongee leo.

Kwanza tusiwe wachoyo wa sifa. Wazo lenyewe ni poa. Mji wa Kale haukujengewa gari. Vichochoro ni vyembamba, na ukipita na gari utaona tu vioo vya maduka na mgongo wa tuktuk iliyo mbele yako. Kwa miguu, jua la Mombasa litakumaliza kabla hujafika Marikiti. Baiskeli iko katikati: inakupa mwendo, na bado unasikia vikombe vya muuza kahawa vikigongana, unanusa vitunguu vya pilau ya watu, unamwamkia mzee aliyekaa barazani.

Tena baiskeli si kitu cha wageni kwetu. Hii bodaboda tunayoilalamikia kila siku ilianza kwa baiskeli kule mpakani Busia, ikivusha watu kati ya Kenya na Uganda, na jina lake likatoka hapo hapo mpakani. Na hapa kisiwani, muuza madafu mwenye baiskeli iliyolemewa mpaka haionekani humhitaji kumtafuta. Atakupita tu.

Pia chakula kinafundisha. Mimi shuleni historia ilinilaza. Nilikariri kwamba Wareno walijenga Fort Jesus kati ya 1593 na 1596, nikafaulu mtihani, nikasahau. Lakini jamaa yangu alipowasimamisha wageni mbele ya sahani, historia ikaingia bila fimbo. Viazi, muhogo na pilipili asili yake ni bara la Amerika, na vilifika pwani hii baada ya Wareno kuanza kuizunguka bahari. Mbaazi na iliki asili yake India. Halwa tunashirikiana na Waomani. Nazi ni ya hapa mtini. Hata leso zinazouzwa Biashara Street, jina lake limetoka kwenye neno la Kireno la kitambaa. Kwa hiyo ukila mahamri kwa mbaazi za nazi, na viazi karai pembeni, umekula safari za karne tano kwa bei ya nauli ya matatu.

Hapo ndipo nilipompenda jamaa yangu. Alisema mambo ambayo Fort Jesus yenyewe, pamoja na heshima yake ya kuwa turathi ya dunia ya UNESCO tangu 2011, haiwezi kukuambia ukiitazama ukuta tu.

Sasa tuje kwa lile la kooni.

Kituo chetu cha kwanza cha chakula kilikuwa kwa mama mmoja anayekaanga mahamri kwenye kichochoro nyuma ya Ndia Kuu. Ilikuwa saa moja na nusu, wakati ambao watu wa kazi na watoto wa madrasa wanapanga foleni. Tukafika watu wanane na baiskeli nane, tukaziba njia yote.

“Shikamoo mama,” jamaa yangu akaamkia.

“Marahaba mwanangu. Leo umeniletea kijiji kizima?”

Wageni wakatoa simu. Mmoja akapiga picha karai la mafuta, mwingine akampiga mama mwenyewe bila kumuomba ruhusa. Hamri moja likakatwa vipande vinne, watu waonje tu, kwa sababu mbele kulikuwa na vituo vingine vinne. Jamaa yangu akaeleza kuhusu iliki na tui la nazi kwa dakika kumi, huku mama akigeuza mahamri kimya kana kwamba hayupo. Watoto watatu wa madrasa wakachoka kungoja, wakaenda zao. Tulipoondoka tulikuwa tumelipa shilingi 240.

Mimi nilikuwa mkia, kwa hiyo niliondoka wa mwisho. Mama akaniambia, tena kwa kucheka, “Mwambie mwenzako, hawa wageni wake wanakula picha. Mahamri hawali.”

Nilicheka pia. Kisha nikapiga hesabu.

Wageni walikuwa sita, kila mmoja amelipa 3,000. Jumla 18,000. Katika hizo, mama aliyetoa chakula, mapishi, sura ya kupigwa picha na wateja waliotoroka amepata 240. Haifiki hata shilingi mbili katika kila mia. Na usisahau kwamba wageni hawakulipia baiskeli. Baiskeli hata kwao zipo. Walilipia mji, na mji asubuhi ile ulikuwa ni yeye.

Kabla hujamrukia jamaa yangu kwenye komenti, msikilize. Nilipomwambia alikasirika, na ana haki kiasi. Baiskeli si zake, anazikodi kwa shilingi 500 kila moja, kwa hiyo elfu nne zimeenda. Jukwaa la mtandaoni linalomletea wageni linakata asilimia 20, yaani 3,600 nyingine. Mimi nilichukua elfu yangu. Chakula cha vituo vyote vitano kilikuwa kama 1,200. Anabaki na 8,200, na wikendi nyingine hapati hata mgeni mmoja. Katika hizo bado anadunduliza ya vibali, maana chini ya Sheria ya Utalii ya 2011 biashara za utalii zinasimamiwa na mamlaka yake na zinahitaji leseni, na anataka kufanya ile mitihani ya waongozaji yenye ngazi za shaba, fedha na dhahabu.

“Bro,” akaniambia, “mimi si tajiri. Usinifanye mimi ndiye mkoloni.”

Ni kweli. Lakini tazama hesabu hiyo tena. Jukwaa ambalo halijawahi kunusa mahamri limepata 3,600. Mama amepata 240. Jukwaa lilipwa kwanza kwa sababu lina masharti yaliyoandikwa. Mwenye baiskeli alilipwa kwa sababu bila pesa hatoi funguo. Mama pekee ndiye hakuwa na sharti lolote, kwa hiyo ndiye aliyepunjwa. Hakuna mtu mbaya katika hadithi hii. Kuna mtu mmoja tu ambaye hakuulizwa bei.

Na hili si la kichochoro kimoja. Mombasa nzima iko kwenye biashara ya kujiuza kwa sura. Mwaka 2018 tuliambiwa majengo ya katikati ya mji yapakwe rangi nyeupe na buluu ili mji upendeze. Mwaka 2019 Mama Ngina Drive ilifunguliwa upya baada ya kukarabatiwa, na sherehe za Mashujaa zikafanyika hapo. Mwaka uliofuata Covid ikaja, Kenya ikafunga safari za ndege za kimataifa kuanzia Machi hadi Agosti 1, na tukaona vile ufuo unavyokuwa bila mgeni wa mbali. Tangu hapo kila mtu anasema Mkenya mwenyewe ndiye mtalii wa kutegemewa. Sawa. Lakini Mkenya haji Mombasa kutazama rangi ya ukuta. Anakuja kula, na wanaompikia ndio hao hao ambao kila kukitokea operesheni ya kusafisha barabara wanaambiwa wafunge karai waondoke.

Unaona tunavyojichanganya? Mwezi huu mama ni “utamaduni wetu” kwenye bango, mwezi ujao ni uchafu wa kuondolewa. Kama ziara hizi zitakua, mapishi ya barabarani yatakuwa na thamani kubwa kuliko sasa. Swali ni thamani hiyo ataishika nani. Tusipolijibu mapema, atakuja mtu mwenye mtaji, afungue mkahawa wa kiyoyozi ulioandikwa “Swahili Street Food”, hamri moja shilingi 200, na yule mama aajiriwe jikoni au asiajiriwe kabisa.

Basi nilimwambia jamaa yangu tujaribu kitu. Mambo manne tu.

La kwanza, mama alipwe kwa kichwa, si kwa kipande. Tulipendekeza 150 kwa kila mgeni, ale sahani nzima. Kwa wageni sita ni 900, yaani tano tu katika kila mia ya mapato. La pili, apigiwe simu Ijumaa jioni, na tufike saa tatu foleni ikiwa imeisha. La tatu, hakuna picha ya mtu bila kumuomba, na hakuna kusimama mbele ya msikiti wa Mandhry na zile suruali za kubana za baiskeli. Leso moja kiunoni haimuui mtu. La nne, mama azungumze mwenyewe. Jamaa yangu afasiri pale inapohitajika, lakini asimuelezee mtu jiko lake akiwa amesimama hapo hapo.

Ili wageni washibe, vituo vitano vikapunguzwa hadi vitatu. Jamaa yangu aliogopa watalalamika. Jumamosi iliyofuata tulikaa kwa mama dakika arobaini. Akawaonyesha unga unavyoumuka, akamcheka mgeni mmoja aliyesukuma donge kama anafua nguo, akawaambia alijifunza kwa nyanyake na kwamba bintiye hataki kabisa kuirithi kazi hiyo. Pakawa kimya kidogo. Hilo jamaa yangu hakuwahi kulijua, na ameongoza watu pale miezi kadhaa.

Sitakudanganya kwamba kila kitu kimekaa sawa. Kuna kijana mwingine ameanza ziara kama hiyo kwa 2,500, na hamlipi mtu chochote zaidi ya bei ya kipande. Jamaa yangu ameshapoteza kundi moja kwake. Na barabarani bado tunaomba Mungu. Tukitoka vichochoroni kuingia Digo Road hakuna njia ya baiskeli, kuna tuktuk, matatu na mkokoteni, kila mmoja na haraka zake. Siku ile ya kwanza tuktuk ilimpangusa mgeni wetu kiwiko. Angeanguka, biashara yote ingekwisha hapo. Nairobi iliandika sera ya watembea kwa miguu na waendesha baiskeli mwaka 2015, na muulize mwendesha baiskeli yeyote wa Nairobi kama sera ilimkinga na matatu. Mji unaotaka watalii wa baiskeli lazima uchore mstari barabarani kwanza, kisha uulinde.

Lakini hayo ya barabara yanahitaji bajeti na wanasiasa. Lile la mama linakuhitaji wewe tu. Ukilipia ziara ya chakula popote, iwe Mombasa, Lamu au Kisumu, muulize anayekuongoza swali moja kabla hujapanda baiskeli: mpishi analipwa vipi? Akikujibu bila kusitasita, panda. Akianza kuzungukazunguka, mwambie utaenda mwenyewe.

Na ukienda mwenyewe, tafadhali, kula hamri zima.