AMRI YA KORTI NI YA MKUBWA NA MDOGO

Ndugu wafanya kazi,

Mtu akisimamishwa kazi ya Serikali, mshahara hupungua au hukauka kabisa, lakini watoto wanakula vile vile na karo haingoji. Basi chama hukimbilia korti, na mara nyingine korti hutoa amri: mtu huyu arudi kazini mpaka kesi yake isikizwe. Tunashangilia. Kesho yake mkubwa wa kazi anaiweka karatasi mezani na kusema, "Rudi nyumbani." Hapo ndipo mambo ya kudharau korti yanapoanza, na hapo ndipo wengi wetu huchoka.

Sheria tunayo. Katiba ya 2010, kifungu cha 236, inakataza mtumishi wa umma kuadhibiwa pasipo kufuata njia ya haki. Sheria ya Kazi ya 2007, kifungu cha 41, inataka mfanya kazi aelezwe kosa lake kabla ya kufukuzwa, mwenzake au mjumbe wa chama akiwapo.

Lakini tazameni jinsi amri zinavyoheshimiwa. Februari 2017 viongozi 7 wa chama cha madaktari walihukumiwa kifungo cha mwezi mmoja kwa kudharau amri ya kusimamisha mgomo. Walilala jela kweli, mpaka Korti ya Rufani ilipowatoa siku mbili baadaye. Machi 2018 Waziri Fred Matiang'i, mtu wa kwetu Nyamira, na wakubwa wawili wengine walipatikana na kosa hilo hilo katika kesi ya Miguna Miguna. Walitozwa faini ya shilingi 200,000 kila mmoja. Septemba 2024 Gilbert Masengeli, aliyekuwa Kaimu Inspekta Mkuu wa Polisi, alihukumiwa miezi 6. Aliomba radhi, na hukumu ikaondolewa kabla hajalala jela.

Wazee husema sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma. Mbona kwa mfanya kazi meno ni makali na kwa bwana mkubwa ni butu?

Wengine watasema, basi na sisi tusitii. Mimi sikubali. Chama kikidharau amri leo, kesho kitakwenda mbele ya jaji kwa uso gani?

Kazi yetu ni kumpa jaji ushahidi. Hamwadhibu mtu kwa uvumi. Lazima aone kwamba amri ilikuwa wazi, mkubwa aliijua, naye akaivunja makusudi. Kwa hiyo amri ikitoka, ipelekwe kwa mkubwa mwenyewe kwa jina lake, si kuachiwa karani mlangoni. Aliyeipeleka aape kwa maandishi: siku gani, saa ngapi, mahali gani. Mfanya kazi afike kazini asubuhi, na mjumbe wa chama awe shahidi. Akizuiwa getini, aandike aliyemzuia na maneno aliyosema.

Tangu kaunti zilipoanza mwaka 2013, nyumba nyingi hapa Kisii na Nyamira hutegemea mshahara wa kaunti. Mtu mmoja hawezi kulipa wakili mwaka mzima, chama kinaweza. Naomba kila tawi litenge fedha, si za kutafuta amri tu, bali za kuifuata mpaka itimizwe. Amri isiyofuatwa ni karatasi ya kufungia sukari.

Umoja ni nguvu.

Mfanya kazi wa reli,
Kisii