Nyoka Wetu Hatoshelezwi na Panya Tu

Naomba nafasi katika gazeti letu nieleze habari za yule nyoka wa maabara, kwa kuwa mimi ndimi niliyesababisha afungwe.

Muhula uliopita alionekana ghalani nyuma ya jiko, na wenzangu walikwisha kushika fimbo. Nikawazuia. Ni nyoka mdogo wa rangi ya kahawia, hana sumu, na kazi yake ni kuwinda panya usiku. Mwalimu wetu wa Baiolojia alimwombea kibali, akatiwa katika sanduku la kioo lenye gazeti chini na bakuli la maji. Tulifurahi kwamba ameokoka. Kwa maoni yangu hakuokoka sana. Kila jioni saa ya kujisomea namwona akizunguka kioo kile kile, na ncha ya pua yake imechubuka kwa kusugua.

Watu husema nyoka akishiba basi. Walakini mwaka 2021 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Lincoln, Uingereza, walichapisha uchunguzi wao: nyoka walipopewa nafasi ya kuchagua, walipendelea sanduku lililotengenezwa vizuri kuliko lile lisilo na vitu vingi.

La kwanza ni maficho. Nyoka hana kope, hawezi kufumba macho tunapomkodolea, wala ndugu zetu wa Kidato cha Kwanza wanapogonga kioo. Kigae cha chungu chatosha, mradi kiwe kidogo kiasi cha kumgusa ubavuni, maana nyoka hupenda kubanwa. Yafaa viwe viwili, kimoja upande wa taa na kingine upande wa baridi, asilazimike kuchagua kati ya joto na usalama. Kisha atiliwe majani makavu ya kupenya, na tawi. Na panya wake mfu asiwekwe mbele ya mdomo: akokotwe juu ya majani, halafu afichwe, ili nyoka afuate harufu kwa ulimi wake kama afanyavyo porini. Mawe yakalishwe imara. Jiwe nililoliegemeza mimi liliporomoka, likamkosa kidogo tu. (Na yule aliyemtilia kigari cha bati ajue kwamba nyoka si mtoto.)

Wako wasemao kwamba sisi wenyewe tumebanana bwenini, nyoka apewe starehe ya nini? Lakini sisi tuna mpira, na Desemba twaenda kwetu. Yeye hana likizo.

Mimi namaliza masomo Novemba. Namwomba mwalimu na wenzangu wa Kidato cha Tatu tuianze kazi hii Jumamosi ijayo. Vigae nitaleta mimi. Ikiwa hapatapatikana mtu wa kuiendeleza, basi nyoka arudishwe ghalani alikotoka, na wapishi waombwe waweke fimbo chini.