Usimdanganye Daktari kwa Lugha ya Ushuhuda



Kuna swali ambalo limerudi tena na tena kwenye jumbe zenu, na leo nalijibu hapa hadharani. Mtu alipata ajali ya matatu, mguu ukavunjika, akawekewa vyuma. Tulimwombea na sasa anatembea. Je, akienda kortini kudai fidia, anamkana Mungu aliyemponya? Halafu kuna swali lingine, ambalo mnaniuliza kwa sauti ya chini: daktari akiniuliza naendeleaje, niseme nimepona kwa jina la Yesu, ama niseme usiku silali kwa maumivu?

Kama hulali, sema hulali.

Wengi wanadhani hakimu anakutazama tu, anakuonea huruma, kisha anataja pesa. Sivyo. Kwanza anauliza nani alisababisha ajali, na kwa kiasi gani. Kama wewe ni abiria uliyekaa kitini na dereva akapita gari lingine kwenye kona, ni vigumu kukubebesha lawama. Lakini kama ulivuka barabara bila kuangalia, korti inaweza kusema dereva asilimia 70, wewe 30. Ikiwa ungelipwa shilingi 500,000, utapata 350,000.

Kisha anauliza umeumia kiasi gani, na hapa ndipo watu wa Mungu wanapoteza haki yao. Pesa ulizokwisha kutumia, yaani hospitali, dawa, eksirei, nauli ya kliniki, lazima zitajwe kwenye madai na zithibitishwe kwa risiti. Kanisa zima linaweza kujua ulivyouza ng'ombe ulipe bili, lakini hakimu hakuwepo. Na kama vyuma vitahitaji kutolewa baadaye, gharama hiyo nayo idaiwe mapema katika kesi hiyo hiyo, ikiungwa mkono na daktari. Hutapewa kesi ya pili.

Maumivu yenyewe hayana risiti. Hakimu anasoma ripoti ya daktari, anatazama kesi za zamani za watu walioumia kama wewe, walilipwa ngapi, na tangu wakati huo shilingi imepungua thamani kiasi gani. Kanuni ni kwamba majeraha yanayofanana yapate malipo yanayokaribiana. Hata ukikata rufaa, korti ya juu haiongezi kwa sababu tu ingependa kukupa zaidi. Lazima ione kwamba kiasi kilikuwa kidogo mno au kikubwa mno, au kwamba hakimu alikosea kanuni.

Kwa hivyo ile karatasi ya daktari ndiyo inayokusemea. Sasa fikiria amekuuliza hali, nawe ukajibu kama uko madhabahuni: "Mimi ni mzima, shetani ameshindwa!" Ataandika kwamba mgonjwa hana malalamiko. Kampuni ya bima nayo inaweza kukupeleka kwa daktari wake, urudie yale yale. Hakimu atasoma ripoti mbili zinazosema hujambo, na wewe umekuja na fimbo.

Someni Marko 8, yule kipofu wa Bethsaida. Yesu alimgusa, kisha akamuuliza kama anaona kitu. Yule mtu hakujitia imani asiyokuwa nayo. Alisema anaona watu, lakini wanaonekana kama miti inayotembea. Bwana hakumkemea kwa kukosa imani. Alimgusa mara ya pili, akaona sawasawa. Kama Yesu mwenyewe alipokea jibu la mtu aliyepona nusu, daktari wako ni nani usimwambie ukweli?

Na kudai si dhambi. Kutoka 21 inasema mtu akimpiga mwenzake hata akalala kitandani, kisha akainuka na kutembea kwa fimbo, aliyempiga hataadhibiwa kwa kifo, lakini atalipia muda aliopoteza na atahakikisha ametibiwa mpaka apone. Angalieni vizuri: ameinuka, anatembea, na bado analipwa. Kupona hakukufuta deni.

"Lakini Pasta, nimemsamehe dereva." Amina, msamehe. Sheria ya Kenya inataka gari linalotembea barabarani liwe na bima ya kuwalipa wengine wanaoumizwa nalo, na bima hiyo inalipa mpaka shilingi milioni 3 kwa mtu mmoja. Mwenye gari aliinunua kwa ajili ya siku kama hiyo. Msamaha wako unaondoa uchungu moyoni, haumlazimu mtu kuacha bima ilale bure huku watoto wako wakifukuzwa shule kwa karo.

Ninachokataa ni uongo. Usijiandikishe kuwa ulikuwa ndani ya matatu ambayo hukupanda. Tumesikia za gari la abiria 14 kuzaa majeruhi 20, na muujiza wa namna hiyo sitauwekea mikono. Pia muwe macho na wale wanaowafuata wagonjwa wodini na fomu za kutia sahihi. Sheria haitambui makubaliano ya wakili kulipwa tu ikiwa kesi itashinda. Na kama dereva ni mshirika wetu, njooni kwanza ofisini tukae pamoja. Paulo alihuzunika Wakorintho walipoburutana mbele ya mahakimu, nami sitaki tufike huko kabla hatujazungumza.

Neno moja kwa wale wanaosema wanamngoja Bwana: kesi ya majeraha inafunguliwa ndani ya miaka 3 tangu siku ya ajali. Kama gari ni la serikali, ni miezi 12 tu. Ukichelewa, hakimu hatafika hata kwenye mguu wako.

Jumapili hii baada ya ibada ya pili, dada yetu mmoja ambaye ni wakili atakaa kwenye chumba cha Sunday School, bila malipo. Njoo na abstrakti ya polisi, fomu ya P3, karatasi za hospitali na risiti zote, hata zilizokunjamana. Kama umepoteza abstrakti, anzia kituo cha polisi ulikoripoti, Jumamosi asubuhi.